Baba Mkwe Anafikia Wimbo wa Sita

Mimi si mtu wa kuogopa. Waulize watu wa Ekerenyo, watakuambia. Siku moja kibano cha mdomo wa saksafoni yangu kilivunjika nikiwa jukwaani, umati umejaa mpaka kwenye miti. Nikavua kiatu, nikatoa kamba yake, nikafunga pale kwenye mdomo wa saksafoni na kuendelea kupiga hadi akina mama wakavua vitambaa vya kichwa na kuvipeperusha. Nimelala chini ya lori langu katikati ya barabara nikikaza springi huku magari yakinipita karibu na sikio, na moyo ulitulia tu.

Lakini Jumapili moja nilikuwa nyumbani kwangu hapa Kisii, nakula chakula cha mchana, na mke wangu akaniambia jambo moja ambalo lilifanya ugali unishinde. Alikuwa ametoka kwa wazazi wake Nyansiongo asubuhi hiyo.

"Ile flash yako ya nyimbo nilimpelekea baba," alisema. "Alifurahi huyo! Amesema Sabato ipite kwanza, atasikiliza leo akimaliza kukamua."

"Flash gani?"

"Si ile nyekundu. Ya albamu."

"Umempa yote?"

"Sasa ningempa nusu?"

Niliweka tonge chini.

Niseme kwanza hiyo albamu ni nini, ingawa Kisii na Nyamira wasioijua ni wachache. Mimi niliacha shule darasa la sita. Nilianza kwa kubeba mikungu ya ndizi sokoni Ekerenyo, mmoja begani na mwingine kichwani, na leo nina hema, viti, spika na malori mawili ya kuvibeba. Harusi yoyote ya maana huku kwetu, lazima waniulize kwanza kama nina nafasi ndipo wapange tarehe. Saksafoni niliinunua kwa askari mstaafu wa bendi, ikiwa imepinda na vifuniko vyake viwili havishiki. Niliitengeneza mwenyewe kwa ngozi ya mbuzi na gundi ya fundi viatu. Noti za vitabuni sijui kusoma hadi leo. Najua do-re-mi, basi.

Hata hivyo masikio yangu sikuyaumba mimi. Nilipofika umri huu nikasema, wacha nitoe shukrani wakati bado nina pumzi. Nikapanga nyimbo saba bila mtu kuimba, saksafoni ndiyo inaongoza, na kila wimbo ni wa mtu aliyenitia kitu sikioni. Wa kwanza ni wa yule askari wa bendi. Wa pili ni wa mzee aliyekaa sokoni na obokano yake, kile kinubi chetu kikubwa, zile nyuzi nene zikinguruma kama ng'ombe aliyesikia mvua. Wa tatu ni wa mama yangu, aliyekuwa akichuma majani chai huku akiimba na midomo imefungwa. Wa nne ni wa magitaa ya redio ya jirani, ambaye aliiweka dirishani ili sote tujue anayo. Wa tano ni wa akina mama wanaolia matangani, maana hao ndio walionifundisha kuianza sauti kutoka chini na kuipandisha polepole.

Wa saba ni wa baba mkwe wangu.

Yeye alikuwa mwalimu wa kwaya pale kilimani Nyanchwa. Nilikuwa kijana mgeni mjini, nasimama nje ya dirisha la kanisa kusikiliza mazoezi, na siku moja alitoka akanishika sikio akaniingiza ndani. "Kama unataka kuiba, iba ukiwa umekaa," aliniambia. Ndiye aliyenifundisha do-re-mi na kuvuta pumzi kutoka tumboni. Miaka ikapita, nikamwoa binti yake. Sasa ni mzee wa kanisa, amestaafu, anafuga ng'ombe wa maziwa Nyansiongo. Nilimweka mwisho kwa heshima. Mgeni wa heshima si huongea mwisho?

Basi kabla yake, wimbo wa sita, nilimweka kaka yangu.

Huyo ni mtoto wa baba mkubwa, sasa ni marehemu. Ndiye aliyenisimamia nilipotahiriwa. Mambo ya huko hayaandikwi na mimi siyaandiki. Nitasema tu kwamba ilikuwa alfajiri, baridi ya kukata masikio, mimi ni mtoto natetemeka mpaka magoti yanagongana, naye akainama akaniambia, "Vuta pumzi, uishike. Usiiachilie mpaka mimi niache kuimba." Akaimba. Alikuwa na sauti ya kubomoa ukuta. Akashika sauti moja ndefu, hajapumua, na mimi nikaishika pumzi yangu pamoja naye, na yaliyofanyika yakafanyika nikiwa bado nimeishika. Sikulia. Watu husema pumzi yangu ni ndefu kuliko ya mpiga saksafoni yeyote wanayemjua. Ni kweli, na ilipotoka ni hapo. Hofu ile ndiyo iliyonipa pumzi.

Kwa hiyo ningempa kaka wimbo gani mwingine? Nilimpa ule ule, wimbo wa tohara, nikaupunguza mwendo, nikautia besi chini yake na ngoma ya kufagia kwa brashi. Nikaona umekuwa jazi safi. Nani ataujua?

Sasa mtu wa mbali hataelewa shida iko wapi, kwa hiyo nieleze. Zile nyimbo zina maneno. Maneno yake ni ya matusi ya kiume, ya chini kabisa, na huimbwa msimu wake na kwa watu wake. Sisi tuna kitu kinaitwa chinsoni, yaani aibu na heshima kati ya mtu na wale walio kwake kama wazazi au watoto. Baba na mwana hawasikilizi maneno ya namna hiyo pamoja. Msimu ukifika na vijana wakipita barabarani wakiimba, baba mwenye akili hujipatia kazi mbali. Na baba mkwe ni zaidi ya baba. Mama mkwe hata usiseme.

Fundi wa studio alinionya. Ni rika langu, tumetoka sehemu moja. Siku tuliporekodi wa sita alitoa vitu vya kusikilizia masikioni, akaniangalia.

"Wewe, umeoa au hujaoa?"

"Kwani?"

"Una mkwe anayesikia au ni kiziwi?"

"Wacha utoto," nikamwambia. "Hapa kuna saksafoni. Saksafoni haina maneno."

"Haina. Lakini niambie Mkisii mmoja atakayesikia hiyo sauti asiweke maneno mwenyewe kichwani. Mimi hapa nimeshamaliza ubeti wa kwanza na sijafungua mdomo."

Nilimcheka. Nilimwambia yeye anajua nyaya tu na muziki aniachie mimi. Hata hivyo nyumbani wimbo huo sikuupiga hata mara moja, kwa sababu nina vijana wakubwa wa kiume, na hapo ndipo ningepaswa kujua kwamba moyoni nilishaogopa. Mtu hafichi kitu ambacho hakina makosa.

Basi pale mezani ilibidi nimwambie mke wangu. Sikutaja kitu. Nilimvumia tu ile sauti ya kwanza na mbili tatu zinazofuata. Akaweka kijiko.

"Uko na wazimu," alisema.

"Mpigie simu baba yako asisikilize."

"Nimwambie nini?"

Nikafikiri. "Mwambie wa sita aruke."

"Akiniuliza kwa nini?"

Hapo ndipo nilipoona shimo nililojichimbia. Kumwambia mzee kwamba kuna wimbo wa aina hiyo ni kuutaja, na kuutaja kwake ni kosa lile lile la kumchezea wimbo wenyewe. Mke wangu hawezi, yeye ni binti yake. Mimi siwezi kabisa. Kumtuma mtu mwingine ni kulitangaza nchi nzima.

"Utaniaibisha kwetu," mke wangu akasema, sauti imeshuka. "Mimi sitaingia tena lile boma nikamwangalia baba usoni. Na yeye hatakuja hapa. Unamjua. Hatagomba. Atanyamaza, na atanyamaza mpaka tumzike."

Hilo ndilo lililoniingia kama maji baridi. Zamani kosa kama hilo lingemalizwa na mbuzi na wazee. Lakini mzee huyu ni wa kanisa, mbuzi wa namna hiyo hamtaki, na kinachobaki ni kunyamaza. Sina baba mwingine. Wangu alikufa sijaota ndevu. Nilichukua ufunguo wa gari bila kunawa mkono.

Barabara ya Keroka ninaijua kama kiganja changu, lakini siku hiyo ilinigeukia. Mbele yangu kulikuwa na lori la majani chai linatambaa kama linasindikiza maiti. Mvua ikaanza. Nilimpigia mzee simu mara tatu, nikijua kwamba hata akishika sina la kumwambia, na hakushika. Nilijaribu kujituliza: labda bado anakamua, labda umeme umekatika, labda spika imeharibika. Halafu nikakumbuka spika yenyewe ni mimi niliyempelekea Krismasi, mpya, ile kubwa kuliko zote dukani, ya kutumia betri umeme ukikatika. Nilijivunia mbele ya mashemeji wote siku ile. Nilijipiga paja mpaka likauma.

Nilipokata kona ya kuingia kwao, nikazima injini nje ya lango, nikasikia saksafoni yangu kutoka barabarani. Ilikuwa inavuka shamba la mahindi inakuja mpaka kwenye lango. Nikahesabu. Ilikuwa mama yangu, majani chai. Wimbo wa tatu. Nikaingia nikikimbia, halafu nikakumbuka mtu hakimbii bomani kwa wakwe, nikatembea, na kutembea kule kulikuwa kugumu kuliko kukimbia.

Mzee alikuwa sebuleni kwenye kiti chake cha mbao, kofia kichwani, macho amefunga. Spika iko mezani kama jeneza la mtoto. Upande wa jikoni, dirisha likiwa wazi, mama mkwe alikuwa anaosha mikebe ya maziwa. Yeye husalimiwa kutoka mbali, nami nikamsalimu kutoka mbali.

"Bwairire, tata," nikamgeukia mzee: habari za jioni, baba.

"Bwairire, mwanangu. Kaa." Hakufungua macho. "Umekuja kunisimamia kama nasikiliza?"

"Hapana, baba. Nilikuwa napita tu."

"Unapita kwenda wapi?"

"Kuna harusi upande wa Sotik."

"Jumapili jioni? Na saksafoni umeiacha nyumbani?"

Nilikaa kwenye kiti cha mbali zaidi. Nikakohoa. "Baba, hiyo flash si nakala nzuri. Fundi amesema ina makosa. Nilikuwa naomba niirudishe, nikuletee nyingine safi."

"Masikio yangu ni ya zamani. Hayajui nakala safi wala chafu."

"Basi angalau turuke tufike wako. Wako ndio wa mwisho."

Hapo alifungua macho. "Najua. Binti yangu ameniambia. Nausubiri. Lakini wewe ulikuwa kwenye kwaya yangu, uliwahi kuona mtu akiruka ubeti mbele yangu akabaki salama?"

"Hapana, baba."

"Basi nyamaza tusikilize."

Wa nne ukaja, magitaa ya jirani. Alitikisa kichwa, hakuupenda sana. Mimi nilikuwa natokwa na jasho mgongoni na pindo za suruali zimelowa mvua, joto na baridi pamoja. Nilifikiria kumwaga chai juu ya spika, lakini chai haikuwa imeletwa. Nilifikiria kujiangusha nizimie. Nakwambia ukweli, mtu mzima mwenye malori mawili nilikuwa napima sakafu pale nitakapoangukia. Wa tano ukaingia, vilio vya matanga, na mzee akavua kofia akaiweka gotini.

"Huo umeupata," alisema. "Huo unaniumiza."

Siku nyingine ningeshukuru Mungu kwa neno hilo. Siku hiyo nilikuwa nasikiliza tu jinsi wimbo unavyoelekea kuisha. Ukaisha. Nilisikia maji yakidondoka kutoka kwenye mkebe kule jikoni.

Kisha ile sauti moja ndefu ikatoka.

"Ee," mzee akasema, "pumzi nzuri hiyo." Alikuwa ananisifu! Sauti ikaendelea, na alikuwa anaifuata kwa kidole hewani, kama alivyokuwa akitufanyia kilimani. Halafu ikashuka zile hatua tatu ambazo kila mwanamume wa Gusii anazijua, na kidole kikasimama. Sikumwangalia usoni. Niliangalia kiatu chake. Kilikuwa na majani ya ng'ombe kwenye soli. Nilisema moyoni, kwisha. Sasa huyu mzee atageuka ukuta na nitabaki nje ya huo ukuta maisha yangu yote.

Maji jikoni yakakatika. Mama mkwe akapaza sauti kutoka uani.

"Mzee! Mzee wee! Njoo, ng'ombe amevunja ua!"

"Ng'ombe gani?" Sauti yake ilitoka kavu.

"Njoo uone mwenyewe! Upesi!"

Aliinuka. Goti moja ni bovu, aliinuka kwa vipande vipande, akaweka kofia, akachukua fimbo, akapita mbele yangu bila kuniangalia. Mlango ukafungwa nyuma yake.

Nikabaki peke yangu na kaka yangu. Niliruka mpaka kwenye ile spika, nikaweka kidole kwenye swichi. Ningeweza kuuzima. Hapo hapo pakafika mahali ninapoishika ile pumzi, pale ambapo kwenye studio fundi aliniashiria niache nami nikakataa, na nikaona nimeshika pumzi tena nikiwa nimesimama katika nyumba ya wakwe, nikitetemeka vile vile kama siku ile. Kidole hakikubonyeza. Nilipunguza sauti kidogo, basi. Huyo mtu aliniinamia asubuhi ya baridi. Nimzime katikati?

Nikachungulia dirishani. Ua ulikuwa mzima, hakuna hata ubao mmoja uliolegea. Ng'ombe alikuwa amefungwa pale pale pake anatafuna. Wazee wawili walikuwa wamesimama mbele yake kwenye manyunyu, migongo yao imeelekea nyumba, mama mkwe ananyoosha mkono anaonyesha, mzee anaitikia kwa kichwa. Walikuwa wanamtazama ng'ombe ambaye hakufanya kitu. Na mimi nikaelewa kwamba hata mama alisikia, hata yeye, na hofu yangu ikawa mara mbili.

Wimbo ukaisha. Do ya kwanza ya wa saba ilipolia, mlango ukafunguka, mzee akaingia akapangusa viatu, akakaa. Akasikiliza wake mwanzo mpaka mwisho bila kusogea. Nilikuwa nimeujenga juu ya yale mazoezi yake ya pumzi, ngazi kwenda juu, ngazi kurudi chini, mpaka yanakuwa wimbo. Ulipokwisha alizima spika mwenyewe.

"Pale juu kwenye sauti ya la umevuta pumzi mapema," alisema. "Bado unapumua kama mwizi."

"Ndiyo, baba."

"Albamu ina nyimbo ngapi?"

"Saba, baba."

"Mimi nimesikia sita. Nilikuwa nje kidogo, ng'ombe alitusumbua."

"Ndiyo, baba. Niliona."

Akazungusha fimbo mkononi. "Huo ambao sikuusikia ni wa nani?"

Ningeweza kudanganya, na mimi kwa kudanganya si mtoto. Lakini sikuwa na nguvu. "Ni wa kaka yangu. Yule marehemu. Ndiye aliyenishika nilipokuwa mdogo."

Mvua ilipiga bati. Mimi nilikuwa nasubiri hukumu, si mchezo, nilikuwa napanga nitampelekea mke wangu habari hizo kwa maneno gani.

"Hukulia?" akauliza.

"Sikulia, baba."

"Basi ana haki yake ya kuwemo." Akaelekeza fimbo kwenye spika, bila kuigusa. "Lakini wangu usiuweke nyuma yake. Mtu akiitwa nje na ng'ombe anaweza kuchelewa kurudi, akakosa wa kwake. Siku utakapoizindua hiyo albamu pale kilimani nitakaa mbele, na ninataka kusikia wangu nikiwa nimekaa."

"Nimesikia, baba."

"Mama yako ataleta chai. Unywe, halafu uende kwenye hiyo harusi yako."

Nilikunywa chai. Mama mkwe alipoiweka mezani aliangalia upande, kama kawaida yake, na kama kawaida yangu niliangalia sakafu, na sikuwahi kufurahia sakafu namna hiyo.

Niliendesha mpaka nje ya mji mdogo wa Nyansiongo nikaegesha kando. Nikampigia fundi wa studio.

"Wa sita upeleke mwisho," nikamwambia. "Wa mzee uje mbele yake."

"Mzee ameusikia?"

"Hajausikia. Alikuwa nje."

"Na mama?"

"Naye alikuwa nje."

Nilidhani atacheka. Hakucheka. "Sawa," alisema, "kuna kingine?"

"Weka kimya kirefu kabla yake."

"Kirefu kiasi gani?"

"Kiasi cha mzee mwenye goti bovu kuinuka kitini, kuvaa kofia na kufika mlangoni."